Maneno Matatu ya Mbuzi

Siku ya kwanza nilidhani yale maneno ya chini ni Kiingereza.

Tulikuwa tumekaa kwenye zulia, mimi na Bénie, mtoto wa dada yangu, tukiangalia filamu ya wanyama wanaoongea. Chini ya picha yalikuwa yanapita maneno meupe na mimi nilikuwa najitahidi kuyasoma. Shule niliiacha darasa la nne, kwa hiyo macho yangu hayana mbio, lakini herufi nazijua. Nilikuwa nalishika neno moja, nalizungusha mdomoni, na kabla sijalimaliza jingine limeshakuja. Nikaona aibu. Nina miaka miwili Sydney, na Kiingereza cha mbuzi bado kinanishinda.

"Hiki Kiingereza chao kina nukta nyingi," nikasema polepole.

Bénie akageuka, akanitazama. Ana miaka saba na amekulia hapa. Kiswahili anakisikia chote, ila ukimsemesha anakujibu kwa Kiingereza. Akaniambia hicho si Kiingereza. Sauti ndiyo ya Kiingereza. Maneno ya chini ni lugha ya Mama Nhan.

Halafu akacheka. Kilikuwa kicheko chake cha kwanza tangu mama yake achukuliwe, kwa hiyo sikujali kwamba anayechekwa ni mimi.

Mama Nhan ni jirani yetu, Mvietinamu, mlango wake unatazamana na wetu. Ni mama mzee, mfupi, anayefagia ngazi za jengo zima bila kuombwa na mtu. Kabla ya korona tulikuwa tunasalimiana kwa kichwa tu. Yeye Kiingereza chake ni kidogo, changu ni kidogo zaidi, na hata Kiswahili changu nakitumia kwa uchache. Kanisani nakaa benchi la mwisho. Aliyekuwa mdomo wetu ni dada yangu Clarisse. Alikuwa anaongea na shule, na wenye nyumba, na watu wa ofisi, na mimi nasimama nyuma yake nimebeba mkoba.

Mwezi wa nane wa mwaka ule wa pili wa korona, mtaa wetu wa Merrylands ulifungwa. Helikopta ilikuwa inazunguka juu ya mapaa, na polisi walikuwa wanagonga milango pamoja na wanajeshi kuhakikisha kwamba walioambiwa wakae ndani wako ndani kweli. Waliotoka ni watu wa kazi zisizosimama. Clarisse alikuwa anapanga maboksi kwenye ghala huko Ingleburn, na ghala halikufungwa, maana watu waliofungiwa nyumbani walikuwa wanaagiza vitu kuliko zamani. Akarudi na kikohozi. Siku chache baadaye hakuweza kumaliza sentensi bila kushika ukuta.

Mimi ndiye niliyepiga namba ya dharura, mimi ninayeogopa hata kuagiza mkate. Nilisema "sister" na "breathing", nikayarudia hayo mpaka wakaelewa.

Gari la wagonjwa lilipofika nilimfungia Bénie chumbani na tableti yake ya shule, nikashusha pazia. Watu wa gari walikuwa wamevaa plastiki mwili mzima. Walimkalisha Clarisse kwenye kiti cha kushushia wagonjwa ngazini, na kabla hawajaanza kushuka akanivuta mkono.

"Usimwambie," akasema. "Mwambie niko kazini."

"Yaya..."

"Kazini, Nsimire. Wamenipa zamu ndefu."

Nikaitika. Kwetu yaya ni dada mkubwa, na Yaya akisema, mimi huitika. Tumekua hivyo.

Tukapimwa. Mimi nilikuwa na ugonjwa, ingawa ulinipitia kama mafua, na Bénie hakuwa nao. Tukaambiwa tusivuke mlango. Nilivaa barakoa humo humo ndani, hata usingizini. Bénie aliniuliza mara moja tu mama yake yuko wapi. Nikamwambia kazini, zamu ndefu. Akanitazama kidogo, akasema "okay", na baada ya hapo akafunga mdomo. Hakulia. Alikaa tu. Chakula alikuwa anakigusa kwa ncha ya kijiko na kukisukuma pembeni. Nilipika wali, nikapika ndizi, nikasonga ugali nikautengeneza vitonge vidogo kama tulivyokuwa tukifanyiwa sisi. Alisukuma vyote.

Wanaoongea na watoto wanajua cha kusema. Mimi nilikuwa nakaa upande wa pili wa meza na barakoa yangu, tunasikiliza helikopta.

Halafu siku moja mlango ukagongwa, nikafungua, nikamkuta Mama Nhan ameshakimbia mpaka kwenye mlango wake na amesimama hapo ananipungia mkono. Chini aliacha mfuko. Ndani mlikuwa na bakuli la uji wa mchele wenye tangawizi na majani ya vitunguu, machenza, na diski moja ya filamu. Kwenye kava kulikuwa na mbuzi aliyevaa kofia ya baba wa watu. Nadhani watoto wake walikua nayo, maana kava ilikuwa imechakaa na juu yake mtoto amechora moyo kwa kalamu.

Intaneti yetu ilikuwa ya simu, na shule ya Bénie ilikuwa inaimaliza yote. Lakini tulikuwa na mashine ya zamani ya diski ambayo Clarisse aliipata kwenye duka la mitumba la kanisa. Nikaifuta vumbi.

Filamu yenyewe ni ya zamani, ya miaka ya tisini, unaijua kwa zile suruali za kupanda mpaka kifuani. Familia moja ya wazungu inahama mjini kwenda shamba. Baba ni mrefu na kila mara anaanguka kwenye matope. Wakubwa wakitoka, wanyama wanaongea. Ni wanyama wa kweli, si wa kuchora, na midomo yao imechezeshwa kwa namna fulani, inakwenda kama ya mtu anayetafuna nyama ngumu. Kuna mbuzi mwenye ndevu, kuna bata mzinga, kuna mbwa jike na mtoto wake mmoja. Mbuzi anakula kofia za yule baba, moja baada ya nyingine.

Siku hiyo, baada ya kile kicheko, tuliangalia kimya. Wanyama wanaongea Kiingereza cha haraka, tena cha puani, na mimi nilikuwa nashika neno hapa na pale. Katikati ya filamu mbwa jike anaumia mguu, linakuja gari jeupe, daktari wa wanyama anambeba. Yule mtoto wa mbwa anakwenda kwa mbuzi, anamuuliza kitu, mbuzi anamjibu. Hapo Bénie akachukua rimoti, akazima.

Jioni ile ndipo nilipomkumbuka Papa.

Papa, baba yetu Bahizire, alikuwa mtafsiri wa filamu katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, kule Tanzania tulikokimbilia. Banda la video lilikuwa la miti na turubai, ndani mna benchi za mbao na televisheni moja, nyuma kuna jenereta. Filamu zilikuja za kila lugha, Kichina, Kihindi, Kiingereza, na Papa hakujua hata moja. Alikuwa anakaa kando ya televisheni na maikrofoni iliyofungwa kwa mpira wa baiskeli. Mimi nilikuwa nakaa miguuni pake nashika waya ili sauti isikatike. Aliangalia sura za watu akajua wanasema nini. Asipojua, aliweka lake. Jambazi wa Kichina anamnyooshea mwenzake bastola, na Papa anasema, "Ni wewe uliyepunguza mafuta kwenye mgao!" Watu wanacheka mpaka benchi linapinduka. Wahusika wote aliwapa majina ya watu wa kambini. Filamu zenye maneno chini ndizo alizozipenda zaidi. Alikuwa anayapitisha kwa fimbo kama mwalimu, na wapo walioapa kwamba Bahizire anasoma Kichina.

"Mtafsiri hasemi sijui," alikuwa ananiambia tukirudi nyumbani. "Ukikosa neno, weka lolote. Mtafsiri akinyamaza, watu wanaanza kusikia jenereta."

Kesho yake, baada ya shule ya tableti, nikaweka diski tena. Mbuzi alipotokea nikakohoa. Moyo ulikuwa unanipiga kama naitwa mbele ya kanisa. Lakini barakoa ilinisaidia. Mtu aliyefunikwa mdomo haonekani anapotafuta neno.

"Huyu mbuzi," nikasema, "ni Shemasi Siméon."

Bénie akageuza kichwa. Shemasi Siméon wa kanisa letu ana ndevu za kidevuni tu, na anatafuna chingamu ya bazoka wakati wa mahubiri akidhani hatuoni.

"Shemasi anasema, wapendwa katika Bwana, hii kofia ni tamu, lakini haina chumvi."

Nikaona mdomo wa Bénie unatetemeka. Akaubana.

Bata mzinga akaingia, akizungusha shingo, akichungulia kila kona ya nyumba. "Na huyu je?" nikamuuliza. "Huyu ni mkaguzi aliyetumwa na wenye nyumba. Anasema, nani amepiga msumari ukutani? Hili doa la nini? Mnaishi wangapi humu?"

Bénie akaanguka ubavu kwenye zulia, anashika tumbo. Mkaguzi wetu wa kweli ana shingo ndefu vile vile, na huwa anafungua hadi oveni. Nilikuwa na bakuli la uji wa Mama Nhan, nikamsogezea. Akala huku macho yako kwenye televisheni, bila kujua kwamba anakula.

Tukawa na kazi yetu. Kila siku Mama Nhan aliacha bakuli jingine la uji mlangoni, na kila alasiri Shemasi alikula kofia, mkaguzi akakagua, na yule baba mrefu nikamwita Bwana Matope. Sauti yangu nilikuwa naisikia inatoka kubwa, nikashangaa ilikuwa wapi miaka yote. Hata maneno ya Mama Nhan nikaanza kuyazoea. Kulikuwa na moja fupi, mẹ, lenye nukta chini kama mbegu iliyoanguka, na lilikuwa linatokea kila mtoto wa mbwa anapomwita mama yake. Nikamwonyesha Bénie. Akasema kwa Kiingereza kwamba alishaliona zamani.

Lakini kila gari jeupe lilipotokea, Bénie alirudisha filamu mwanzo. Anabonyeza, na familia inahama tena kutoka mjini. Nilidhani anapenda mwanzo, na mimi mwenyewe nilishukuru, maana pale sikujua ningeweka maneno gani.

Kutoka hospitali alikuwa ananipigia nesi mmoja Mkenya anayeitwa Kendi. Alipoona jina la Clarisse alijaribu Kiswahili, na Clarisse akampa namba yangu. Kila asubuhi aliniambia hali ya dada yangu haijabadilika, nami nasema asante, naingia bafuni, nafungua maji ili Bénie asinisikie.

Siku ile alipiga mchana, nikaingia bafuni na kufungua maji kwanza.

"Nsimire, umekaa chini?"

"Ndiyo," nikasema, nikiwa nimesimama.

"Sasa, sikiliza. Dada yako amechoka kupumua. Daktari anataka kumlaza na dawa, tumwekee mashine impumulie. Kabla ya hapo nitawapigia kwa video, mwonane. Kuna mtoto, si ndio? Amekuwa akimtaja."

"Yuko."

"Anajua mama yake yuko wapi?"

Maji yalikuwa yanatiririka kwenye sinki.

"Nsimire? Unanisikia?"

"Anajua yuko kazini."

Kendi akavuta pumzi. "Hapana, mpenzi. Akiona mama yake na ile mask bila kuambiwa, atashtuka, na Clarisse akimwona ameshtuka ndio itakuwa mbaya. Mwambie. Usipoweza, nitapiga ukiwa wewe peke yako, lakini mimi kama ni mtoto wangu ningetaka aniage... ningetaka aniongeleshe. Nitapiga daktari akishapita. Haitachukua muda."

"Ataamka?" nikamuuliza.

"Tunafanya kila kitu tunachoweza, timu ni nzuri sana, na yeye bado ni kijana, tena ana nguvu," akasema Kendi, na akakata.

Nikakaa kwenye ukingo wa bafu. Clarisse alisema nisimwambie, na sijawahi kwenda kinyume na neno la Clarisse. Lakini nikiitika tena, huyu mtoto anaweza kukosa kumwona mama yake mara ya mwisho kwa sababu ya zamu ya kazi ambayo haipo. Nikatafuta sentensi ya kuanzia. Kila niliyoipata ilikuwa ya mtu mwingine, ya pasta, ya Clarisse mwenyewe. Mwishowe nikajiambia, nitamwambia kwa filamu. Nitamfikisha pale kwenye gari jeupe, wanyama wamwambie.

Bénie alikuwa ameshaiweka. Nikakaa, nikafanya Shemasi, nikafanya mkaguzi. Sauti yangu ilikuwa inakwaruza. Mbwa jike akaumia, na nikaona kidole cha Bénie kinaenda kwenye rimoti.

"Leo tuiache iendelee," nikasema.

Alibaki ameishika rimoti kifuani kwa mikono miwili, lakini hakubonyeza.

Gari jeupe likaja. Mtu mwenye koti jeupe akambeba mbwa. Mtoto wa mbwa akalikimbilia gari mpaka kwenye uzio, akasimama, vumbi likatulia. Akarudi polepole mpaka kwa mbuzi. Akainua pua, akauliza, na lile neno mẹ likapita chini. Mbuzi alikuwa na nusu ya kofia mdomoni. Akaacha kutafuna.

"Shemasi anasema," nikaanza, na maneno yakaanza kuja yenyewe kama yalivyokuwa yakimjia Papa, "anasema, mtoto wangu, usihofu, mama yako amepelekwa kwa fundi hodari wa miguu, huko wanampa supu kila asubuhi, wanamtandikia blanketi jipya, na keshokutwa utamwona analeta..."

"Hakusema hivyo."

Alisema kwa Kiswahili. Nikakatika.

"Nini?"

Bénie akarudisha nyuma kidogo. Mtoto wa mbwa akauliza tena, mbuzi akaacha kutafuna tena, akafungua mdomo, akaufunga. Bénie akasimamisha picha hapo hapo, akatambaa mpaka kwenye televisheni, akaweka kidole chini ya maneno. Yalikuwa matatu, mafupi.

"Angalia," akasema. "Yeye anasema kidogo. Wewe unasema mingi."

"Anasema nini basi?"

Alianza kwa Kiingereza, akaacha, akatafuta. "Anasema... hajui."

Mbuzi alikuwa ametulia kwenye kioo na kipande cha kofia kimening'inia. Nikatafuta cha kuweka. Papa angekuwa nacho. Papa angesema Shemasi hajui kwa sababu alisinzia kwenye mkutano, na watu wangecheka, na filamu ingeendelea. Nikafungua mdomo wangu ndani ya barakoa, nikaufunga. Nikasikia friji. Sikujua kama friji yetu ina kelele kubwa namna ile.

"Mama haiko kazini," akasema Bénie, bado ananipa mgongo. "Niliona gari nyeupe. Kwa dirisha ya choo."

Mimi nilishusha pazia la chumbani. Dirisha la choo halina pazia.

"Ndiyo," nikasema. "Hayuko kazini. Yuko hospitali. Ugonjwa umemshika kwenye mapafu, amechoka kuvuta pumzi. Leo watamlaza usingizi wa dawa, na mashine itavuta kwa niaba yake. Kabla hajalala atatupigia. Atakuwa amevaa mask kubwa ya plastiki, na hataweza kuongea vizuri. Usiogope ile mask."

Akageuka. "Atarudi?"

Nilikuwa na sentensi ndefu, nzuri, ya Kendi. Nilikuwa nayo kwenye ulimi.

"Sijui," nikamwambia. "Bénie, sijui."

Nilidhani ataanguka. Alikuja mpaka nilipokaa, akanisukuma kwa mikono miwili kifuani, kwa nguvu, kama unavyousukuma mlango uliogoma. Halafu akaingia chini ya mkono wangu akalia. Alilia kwa sauti, kamasi kwenye nguo yangu, kilio alichokuwa amekitunza tangu siku ya gari. Sikumwambia nyamaza. Nilikuwa nalia na mimi, barakoa ikawa kama kitambaa cha kuoshea vyombo.

Baadaye akaniuliza, "Yeye alisema uniambie kazini?"

"Ndiyo."

"Yeye haijui kudanganya," akasema. "Begi ya kazi ilibaki kwa mlango."

Ni kweli. Begi lilikuwa pale pale tangu siku ile, na kitambulisho cha ghala kinaning'inia.

Simu ikalia. Kwanza tulimwona Kendi, macho tu juu ya barakoa na kioo cha plastiki usoni. "Bénie? Niaje, mrembo? Mimi ni auntie Kendi, ndio nakaa na mama. Uko tayari?" Bénie akaitikia kwa kichwa. Picha ikayumba, ikaonyesha dari, ikamfikia Clarisse.

Alikuwa ameegemezwa mito, nywele zimefungwa kwenye kofia ya karatasi, mask imemkamata uso mpaka mashavu yamepanda. Hakumtazama Bénie kwanza. Alinitazama mimi, na niliyajua macho yale, ni macho ya yaya anayeuliza nimefanya nini. Nikamwambia, "Anajua, Yaya. Nimemwambia." Nikangoja anikasirikie. Akafumba macho. Alipoyafumbua akamtazama mwanawe, akainua mkono wenye mirija, akaugusa uso wa simu.

"Asiongee, anapoteza hewa," akasema Kendi. "Ongeeni nyinyi."

Na mimi nikakosa neno. Mdomo wetu ulikuwa kule kitandani, umefunikwa. Nilimtazama dada yangu, na yale yote niliyotaka kumwambia yakajazana mlangoni, hakuna lililopita.

Bénie akaninyang'anya simu. Akaielekeza kwenye televisheni, akaketi kando yake kama anavyokaa mtafsiri, uso nusu kwa watu, nusu kwa picha.

"Mama, angalia," akasema. "Hii mbuzi ni Shemasi Siméon."

Kiswahili chake kilikuwa kinachechemea, kila kitu kimekuwa hii na ile, lakini kilikwenda. Alimweleza mama yake kofia isiyo na chumvi. Alimweleza mkaguzi na msumari wake, na akanyoosha shingo kuonyesha. Kutoka kwenye simu tukasikia sauti ya kukwama, na Kendi akasema, "Ai! Wewe msichana, usimchekeshe hivyo, mashine inanipigia kelele!" Nilichungulia. Mask ya Clarisse ilikuwa imejaa mvuke, na macho yake yalikuwa yanacheka, yale yale ya nyumbani.

"Sasa hapa inakuja gari nyeupe," akasema Bénie, na sauti yake ikashuka. "Inachukua mama ya mbwa. Mtoto anauliza mbuzi, mama iko wapi, atarudi? Mbuzi anasema hajui."

Hakuna aliyecheka. Clarisse alikuwa analia, machozi yanaingia kwenye mpira wa mask. Kisha akasogeza midomo. Neno lilitoka limefunikwa, lakini tulilisikia sote.

"Halafu?"

Bénie akaigeuza simu iutazame uso wake mwenyewe. "Halafu sijui," akasema. "Mimi sijafika mwisho. Nakungoja wewe."

Kendi akasema daktari amefika. Clarisse akainua tena ule mkono. Nikapata neno moja, nikamwita, "Yaya," na yeye akaitika kwa kichwa, kama mimi ninavyomwitikia siku zote. Picha ikazimika.

Bénie alitoa diski mwenyewe kwenye mashine. Akaishika pembeni kwa ncha za vidole, akaiweka kwenye kava, akaisimamisha juu ya televisheni mahali ambapo mtu akiingia ataiona. Begi la kazi alilitoa mlangoni akalitundika nyuma ya mlango wa chumba cha mama yake. Halafu akaketi mezani akala uji, ulikuwa umeshapoa, akala mpaka akakwangua bakuli.

Kabla jua halijazama Mama Nhan aligonga, akarudi nyuma mpaka mlangoni kwake. Nilikuwa nimeliosha bakuli lake, nikaliweka sakafuni katikati. Yeye akachungulia ndani kando yangu, akaiona kava juu ya televisheni, akainua nyusi na kunyoosha kidole, akiuliza kama tumemaliza.

"Bado," nikasema. Nikaona haitoshi. Nikamwonyesha Bénie mezani, nikaonyesha mbali, upande wa hospitali, nikakiegemeza kichwa kwenye viganja kama mtu aliyelala. Na kwa sauti kubwa, ile ya filamu, nikasema neno pekee la kwao ninalolijua. "Mẹ."

Sijui kama nililitamka sawa. Mama Nhan aliweka mkono kifuani. Akasema maneno machache, mafupi, akiwa ananitazama. Sikuyajua, na sikuweka yangu. Nilisimama pale mlangoni nikamsikiliza mpaka akamaliza.